Mikanda Tisa ya Eladio

Mwezi uliopita tulimzika Bi Zuhura pale Makambako, kwenye upepo uleule aliokuwa akiutukana kila asubuhi. "Upepo gani huu hauna adabu," alikuwa akisema, kanga ameing'ata kwa meno, birika amelishika kwa mikono miwili. "Kwetu Tanga upepo unapiga hodi kwanza." Miaka yote ile hakuuzoea. Nilitoka Njombe alfajiri, nikafika wanaume wameshaondoka na jeneza, nikauliza wanawake wamekaa wapi. Nikaonyeshwa. Walikuwa wamekaa ukumbini, kwenye ukumbi wa video. Siku hizi ni stoo ya maparachichi. Walikuwa wamesogeza makreti na kutandika mikeka, lakini kuta zilikuwa zilezile za mabanzi, na mwanga ulipita kwenye nyufa zilezile na kuchora mistari sakafuni. Niliingia, nikakaa karibu na mlango, nikafunga mdomo. Wasionijua walidhani ni majonzi. Majonzi yalikuwepo, siwadanganyi, lakini ndani ya chumba kile sijafungua mdomo tangu nina miaka kumi na tisa. Niliapa. Na anayenijua atakuambia, Tumaini akinyamaza nusu saa, mpime homa.

Sitasimulia nilizaliwa na nani wala nyumba yetu ilikuwaje, hayo hayahusu. Nilishuka Makambako kutoka Matembwe na darasa la saba langu, nikapata kazi ya kuhudumia kwenye mgahawa wa Bi Zuhura, basi. Kilikuwa kipindi cha ruksa, biashara zimefunguliwa. Mitumba ilikuwa imemwagika kila kona, redio za kaseti zikipiga kelele tangu asubuhi, kila mtu mwenye bati tatu anaita duka. Matangazo ya televisheni yalikuwa hayajatufikia, video ndiyo ilikuwa mfalme. Bi Zuhura alinunua deki, televisheni moja kubwa kama kabati, na jenereta, akajenga ukumbi nyuma ya mgahawa. Mabanzi yalitoka kwenye mashine za mbao. Sakafuni tulimwaga pumba za msumeno ili miguu isigande. Saa nane mchana jenereta linawashwa, watu wanaingia na vikombe vya chai ya tangawizi, viazi vya kukaanga kwenye karatasi, makoti mpaka masikioni. Wapagazi wa maroli walikaa mbele kwa sababu ndio wenye sauti. Kinamama wa sokoni walikaa nyuma kwa sababu walikuwa wanasuka vikapu na kusengenya, filamu waliisikiliza tu. Na pembeni ya deki, amekunja miguu kwenye sanduku la soda, alikaa Obadia.

Obadia alitoka Ilembula, mama yake nesi. Alimaliza kidato cha nne, akawa fundi wa redio. Alikuwa mtu wa maneno matatu kwa siku, na mawili kati ya hayo ni salamu, "kamwene" asubuhi na "kamwene" jioni. Alikuwa akisafisha kichwa cha deki kwa pamba na spiriti kama anamwogesha mtoto mchanga. Mimi na yeye tulikula sahani moja. Nikisema mia, yeye anatikisa kichwa mara moja, na kile kichwa kimoja kilikuwa kinanituliza kuliko maombi. Ukimgusa Obadia, umenigusa mimi. Niliwahi kumtupia mpagazi mmoja kigoda kwa sababu alimwita bubu.

Kutafsiri nilianza kwa hasira. Kulikuwa na jamaa aliyekuwa anatafsiri mikanda, siku moja hakutokea, watu wakapiga benchi: "Maneno! Maneno!" Nilikuwa nimeshika trei. Nikaona wanataka kumtukana Bi Zuhura, nikapandwa na hasira. Nikasema kwa sauti ya Mchina mwenye upara aliyekuwa kwenye kioo: "Nani anapiga benchi la mama yangu?" Ukumbi ukaanguka kwa kicheko. Sikuiweka chini ile trei kwa saa mbili, na jamaa hakurudi tena kazini. Kichina nilikuwa sijui, Kihindi sijui, Kiingereza nilikiokota kwenye magazeti yaliyofungia maandazi. Lakini sura ya mtu nilikuwa naisoma. Ukitazama mdomo, mabega na mikono ya mtu, utajua anaomba au anatishia. Yaliyobaki nilijaza mwenyewe.

Kisha likaja boksi. Kule kwetu Matembwe alikuwepo fundi Mhispania aliyekuja kufunga mashine ya kupasulia mbao. Siku ya kuondoka alisubiri treni Makambako, treni ikachelewa siku mbili, na siku hizo mbili alikula kwa Bi Zuhura. Alipenda supu yake mpaka akawa anaingia jikoni kufunua sufuria mwenyewe. Mizigo ilimzidi, akamwachia boksi la mikanda. Tisa. Alimwonyesha sura ya mwanamume kwenye karatasi ya juu, akaweka mkono kifuani, akasema, "Eladio." Basi. Akapanda treni.

Tuliweka wa kwanza tulioushika. Hauna maandishi chini, hauna Kiingereza, Kihispania kitupu. Mtu mwenye mvi kidogo, padri, anatembea kwenye vumbi. Tukatoa, tukaweka mwingine. Mtu yuleyule! Sasa kijana, mhudumu wa mgahawa, amebeba sahani sita kwenye mkono mmoja, anaanguka, sahani hazianguki. Bi Zuhura akapiga makofi. "Huyu namwajiri." Tukaweka wa tatu, yuleyule, mwizi. Sasa nyie niambieni. Sisi mikanda yote tuliyoijua ilikuja sehemu ya kwanza, ya pili, ya tatu. Na stelingi wa picha ni stelingi, sura yake ni yake. Nikaona kila kitu palepale. Nikamwambia Obadia, "Hii ni hadithi moja. Ni maisha ya mtu, ila imechanganywa. Tuipange kwa nywele." Tukaipanga kwa nywele za kwenye karatasi za juu, kutoka nyeusi kwenda nyeupe; mmoja usio na sura yake tukauweka katikati. Obadia alikunja uso, lakini aliandika namba kwa kalamu, moja mpaka tisa.

Kila Jumamosi mkanda mmoja. Mungu wangu, Makambako ilisimama. Eladio mhudumu akawa mwanajeshi. Nikawaambia amechukuliwa kwa nguvu kutoka mgahawani. Eladio mwanajeshi akawa mwizi. Nikasema vita imemharibu. Mpagazi mmoja tuliyemwita Chuma, shingo kama ya ng'ombe, alikuwa anakuja na kisahani cha karanga anachokisahau mkononi mpaka mwisho. Mkanda wa nne Eladio akatokea na kanzu ya padri.

"We Tumaini!" Chuma akasimama. "Padri tena? Jumamosi iliyopita si ametoboa ukuta wa benki?"

"Ametubu!" nikajibu, na sauti yangu yenyewe ikanitisha.

"Ametubu lini? Mbona hatujaona?"

"Wewe ukitubu tunakuja kuangalia?"

Kinamama nyuma wakapiga vigelegele. Mmoja akalia kweli, kwa kanga, kwa sababu mwanawe alikuwa jela Iringa. Na mimi nikaanza kumwogopa yule mtu kwenye kioo. Nasema kuogopa kwa maana nzuri. Kwa sababu hakuwa anaigiza kwa uso tu. Mwizi alitembea kwa vidole. Padri alitembea kama viatu vinamuumiza na hataki mtu ajue. Mwanajeshi alikuwa na mkono mmoja ambao muda wote ulitafuta kitu mfukoni. Nilikuwa nabeba trei asubuhi huku natembea kama yeye, leo mwizi, kesho padri, na Bi Zuhura ananifokea, "Chai inapoa, ewe baba mtakatifu!"

Mkanda wa tano ndio ulioleta balaa. Tulikaa saa nzima. Eladio hayupo. Kuna mwanamke, kuna nyumba yenye ngazi, kuna mvua, Eladio hayupo kabisa. Watu wakaanza. "Amekufa?" Chuma akajibu kwa niaba yangu, "Stelingi hafi!" Wote wakanigeukia. Jasho lilinitoka kwenye baridi ile. Nikasema, "Yupo. Amejificha. Anawaona wote, wao hawamwoni." Sijui nilitoa wapi. Na ajabu, ukumbi ukatulia, wakaanza kumtafuta nyuma ya mapazia na milango, kila kivuli wanasema ndiye. Mwisho maandishi yakapita, halafu jina moja likabaki peke yake kwenye weusi. Jina lake. Nikapiga trei. "Mmeona? Si nimewaambia yupo!"

Hapo ndipo Obadia alipofungua mdomo, mbele za watu, kwa sauti yake ile ndogo. "Tumaini. Hizi ni filamu tofauti. Siyo hadithi moja. Huyu ni mwigizaji, na siyo maisha yake."

Angeninong'oneza jikoni ningemsikiliza. Labda. Lakini alisema pale, na nikaona macho ya Chuma, ya kinamama, ya Bi Zuhura mlangoni. Kitu cheusi kikanipanda. Kikombe kilikuwa mkononi, kikombe cha bati, kina chai. Nilikirusha. Kilimpata juu ya jicho. Chai ikamwagika kwenye shati lake jeupe alilolifua mwenyewe, na damu nyembamba ikashuka kufuata pua. Hakujifuta. Na mimi, badala ya kupiga magoti, nikapanda juu ya benchi. "Kama huyu si mtu mmoja," nikasema, "na kama mikanda hii siyo maisha yake, Mungu anisikie, sitafungua mdomo wangu tena ndani ya ukumbi huu!" Watu wakashangilia. Obadia akazima deki, akafunika kwa kitambaa chake, akatoka. Kesho yake akarudi kwao Ilembula.

Niliendelea. Mkanda wa sita, wa saba. Bi Zuhura akawa anaendesha deki mwenyewe na miwani yake ya kushonea, picha ina mistari kama mvua. "Deki limenuna," akasema, huku hanitazami. "Linamtaka mwenyewe." Nikala sahani yangu peke yangu. Niliongea zaidi kuliko mwanzo, niliongea mpaka koo likawasha, na kila nilipomaliza sentensi nilitazama sanduku la soda.

Habari za Eladio zilipanda mpaka Njombe. Siku moja tulienda na Bi Zuhura sokoni kununua viazi, tukamsikia muuza kabichi anamsimulia mwenzake, "Yule padri wa Makambako aliyekuwa mwizi." Bi Zuhura akanifinya. Nyuma yetu akasimama mtawa mzee, mzungu, ana buti za shamba na kapu la mayai. Sista Reme. Alikuwa amekaa milima ile miaka mingi, Kibena chake kinapita changu. "Kamwene, mwanangu," akaniambia. "Huyo padri anaitwaje?" Nikamwambia. Akaliweka kapu chini.

Jumamosi ile alikuja na gari lake bovu, akakaa benchi la nyuma katikati ya kinamama. Mkanda wa nane: Eladio amevaa gauni, ni bibi kizee mwenye hasira na paka. Niliwaambia anajificha kwa polisi. Nilitafsiri kwa kujikwaa, kwa sababu kila nikimtupia jicho Sista, analia, na mabega yake yanacheka. Baadaye jikoni, kwenye moshi, amekumbatia kikombe, akaniambia polepole kama mtu anayeondoa bandeji.

"Mwanangu, umeongea vizuri sana. Ila hizo ni filamu tisa, kila moja peke yake. Huyo mtu kwetu Hispania kila nyumba inamjua. Alianza kwa kubeba mabegi ya wachekeshaji wanaotembea kijiji kwa kijiji, analala stesheni. Wakampa nafasi ya maiti. Halafu polisi wa sentensi moja. Halafu mhudumu. Hakuna kitu alichokataa. Ameimba, vibaya. Ameandika. Anaigiza filamu za wengine ili apate nguvu ya kutengeneza zake."

Sikusikia vizuri. Nilikuwa namwona Obadia na ule mstari wa damu. Nikauliza jambo moja tu. "Na ule wa tano? Alikuwa wapi?"

"Nyuma ya kamera. Ule ni wake. Yeye ndiye aliyewaambia wasimame wapi, walie lini, mvua inyeshe lini. Chochote mlichokiona mle, mmekiona kwa macho yake."

Nilishika meza. Yupo, anawaona wote, wao hawamwoni. Nilikuwa nimesema uongo wangu mkubwa kuliko wote, na mtu alikuwa amekaa mlemle ndani yake, hai. Mpaka leo mwili unanisisimka. Sijawahi kumwona mtu mkubwa kiasi kile, anayeweza kuwa padri na mwizi na bibi, na bado akatoka kabisa ili wengine waonekane.

Lakini kiapo ni kiapo. Nilimwambia Bi Zuhura nitasema kweli kabla ya mkanda wa tisa. Akaweka mwiko chini. "Uongo wa ukumbini mimi siuogopi, mwanangu, watu wanaujia wenyewe. Hicho kiapo ndicho kinaniuma. Nani alikutuma? Mdomo ndio kazi yako humu." Akachukua tena mwiko. "Haya. Umeshaapa. Ila kwanza nenda Ilembula." Alhamisi nikaenda. Nilimkuta Obadia amefungua redio ya mtu, jicho lina kovu jipya la waridi. Nilikuwa nimeandaa maneno mia. Nikasema matatu: "Ulikuwa sahihi. Nisamehe." Akaendelea kukaza skrubu. "Nimesikia," akasema. Nikarudi bila kujua kama amesikia tu au amesamehe.

Jumamosi ukumbi ulijaa mpaka watu wakakaa kwenye pumba. Nilisimama bila trei. Nikawaambia yote: filamu tisa, mtu mmoja, maisha si yake, nimewadanganya.

Chuma akasimama taratibu. "Kwa hiyo padri hakuwa mwizi?"

"Hakuwa."

"Hajatubu?"

"Hakuwa na cha kutubu."

"Na yule bibi wa paka?"

"Yeye. Amevaa gauni."

Chuma akakaa kama gunia linalotupwa. "Mtu mmoja," akasema. "Yote yale, mtu mmoja. Anawezaje?" Nyuma wakaanza kunizomea, na walikuwa na haki. Nikaenda kukaa karibu na mlango. Ndipo nikamwona Obadia. Amepita nyuma, amekaa kwenye sanduku lake la soda, anafuta kichwa cha deki kwa pamba. Akasukuma mkanda. Picha ikatoka safi kama maji.

Sauti ikatoka pia. Jamani, hapo ndipo nilipomsikia Eladio mara ya kwanza. Miezi yote ile nilikuwa namfunika kwa mdomo wangu! Ilikuwa sauti nzito, ya kukwaruza, yenye pumzi katikati kama mtu anayepanda mlima na mzigo. Alikuwa mzee sasa, nywele nyeupe zote, yuko peke yake jikoni, anamenya kiazi. Hakuna muziki. Ganda linashuka refu, jembamba, halikatiki, linazunguka, linashuka mpaka mezani. Mama mmoja wa sokoni akavuta pumzi. "Huyu amezaliwa Njombe!" Eladio akakitazama kiazi, akasema kitu. Watu wakageuka kunitazama. Nilikuwa nimeuma midomo mpaka inauma. Kisha kutoka kwenye sanduku la soda, sauti ndogo, inayotetemeka, ya mtu wa maneno matatu:

"Anasema... anasema viazi vya mwaka huu ni vidogo."

Ukumbi ulicheka mpaka mabanzi yakalia. Na Obadia, bwana, akaendelea. Alitafsiri vibaya kuliko mtu yeyote niliyemsikia, anasita, anarudia, anaomba radhi, na hakuacha mpaka mwisho. Mwisho mzee anafungua mlango, anatoka, kiti kinabaki. Maandishi yakapita. Jina lake likaja mwanzo, likarudi tena mwisho, peke yake, na safari hii ukumbi wote, hata wasiojua kusoma, ukalitamka pamoja.

Mimi sikufungua mdomo mle tena. Nilibaki mgahawani miaka miwili, nikaenda zangu Njombe, nikafanya biashara ya mbao, nikaongea kila mahali duniani isipokuwa pale.

Sasa siku ya msiba, mjukuu wa Bi Zuhura akaniinamia. "Shikamoo mama. Wanasema wewe uliishi na bibi kuliko sisi. Tuambie basi, alikuwa mtu wa namna gani? Sisi kila mmoja anamjua tofauti." Nikatikisa kichwa. Nikaonyesha mdomo. Bibi mmoja aliyekuwa muuza vitunguu akacheka kidogo. "Mwacheni huyo. Aliapa."

Mlangoni alikuwa amesimama mzee mwembamba, kofia mkononi, kovu juu ya jicho. Tulikuwa hatujaonana miaka mingi. Hakuingia, kwa heshima ya wanawake. Akasema kutoka pale kizingitini, "Kamwene, Tumaini. Uliapa nini hasa?"

Nikamkazia macho. Anajua siwezi kujibu.

"Ulisema kama si mtu mmoja. Alikuwa watu wangapi?"

Nikainua kidole.

"Ulisema kama siyo maisha yake. Kubeba mabegi, kuwa maiti, kuwa bibi, kujificha nyuma ya kamera, kuzeeka mbele za watu. Hayo yalikuwa maisha ya nani?" Akavaa kofia yake, akaivua tena. "Mimi ndiye niliyekosea, na kiapo chako hakijawahi kukufunga. Nimekaa na hilo miaka yote hii. Na leo unamnyamazia mtu aliyekulisha."

Upepo ukapita kwenye nyufa. Wanawake wote walikuwa wananitazama, na chumba kilinuka pumba za msumeno ambazo hazipo tena. Niliwaza Bi Zuhura aliyekuja kutoka Tanga, mpika supu, mwenye jenereta, mama yangu, mtukana upepo, mwenye miwani ya kushonea kwenye deki. Nikavuta kanga, nikaing'ata kwa meno, nikanyoosha mikono miwili kama nimeshika birika. Wale wanawake wazee wakaanza kucheka kabla sijasema neno. Kisha nikafungua mdomo, na sauti iliyotoka ilikuwa yake.